Kuchaji betri ya gari kwa pawa saplai ya mezani bila kuiua betri wala mashine

Mafundi simu na mafundi redio wengi wanayo mezani pawa saplai ya volti 30 na ampea 5, na kila msimu magari yanapolala muda mrefu maswali yaleyale hurudi: je, mashine hii inaweza kuchaji betri ya gari, niweke volti ngapi, na mbona ampea zinashuka zenyewe baada ya saa chache? Jibu la swali la kwanza ni ndiyo, tena kwa uangalifu mdogo tu itafanya kazi nzuri kuliko chaja nyingi za bei nafuu ambazo ndani yake kuna transfoma na dayodi bila kikomo chochote cha volti. Tofauti kubwa ni kwamba chaja ya kweli hujua imefungwa kwenye betri, ilhali pawa saplai haijui lolote. Itatoa kile ulichoiambia itoe, iwe volti 14.4 au volti 30, na haitasimama mpaka wewe uisimamishe.

Kwa hiyo kazi yote inasimama juu ya namba mbili, yaani kikomo cha volti na kikomo cha ampea, ambazo huwekwa kabla waya haujagusa betri. Kikomo cha volti huilinda betri. Kikomo cha ampea huzilinda nyaya, mashine, na kwa kiasi fulani betri pia.

Betri zinazohusika

Mwongozo huu ni wa betri za volti 12 za risasi na tindikali: zile za maji zenye vifuniko sita juu, zile ambazo madukani huitwa betri kavu kwa sababu hazifunguliwi, na zile zilizoandikwa AGM, ambazo hutumika kwenye magari yanayozima injini yenyewe yakisimama kwenye foleni. Betri ya jeli inaweza kuchajiwa kwa hatua hizihizi, ila volti zake ni za chini kidogo, kama utakavyoona.

Betri za lithiamu hazimo. Siku hizi zimeenea kwenye mifumo ya sola na pikipiki za umeme, na baadhi yake zimewekwa kwenye maboksi yanayofanana kabisa na ya betri ya gari. Soma lebo kwanza. Ukiona neno lithiamu au alama ya LiFePO4, acha, utafute chaja yake. Lori la volti 24 lina betri mbili za volti 12 zilizounganishwa mfululizo. Zitenganishe, uchaji moja baada ya nyingine.

Kagua kabla ya kuchaji

Betri iliyovimba ubavuni, iliyopasuka, inayovuja, au ambayo kichwa chake kimelegea na kucheza ukikishika, haichajiwi. Kama ni ya maji, fungua vifuniko uangalie iwapo bamba za ndani zimefunikwa. Zikiwa wazi, ongeza maji ya betri yaliyokenekwa kiasi cha kuzifunika tu, usijaze, kwa sababu maji hupanda wakati wa kuchaji na yakizidi yatafurika pamoja na tindikali. Kujaza hadi kwenye alama hufanywa baada ya betri kujaa. Hapa kuna kosa linaloua betri nyingi: dukani chupa ya maji na chupa ya tindikali huwa zimepangwa rafu moja na hufanana, na muuzaji akisikia "maji ya betri" anaweza kukupa yoyote kati ya hizo mbili. Maji ndiyo hupungua betri inapofanya kazi, tindikali haipungui isipokuwa imemwagika. Ukiongeza tindikali unaikoleza kupita kiasi na kuzila bamba.

Kisha pima volti kwa multimita, betri ikiwa imetulia saa kadhaa bila kuchajiwa wala kutumika. Volti 12.6 hadi 12.7 maana yake imejaa, 12.4 ni kama robo tatu, 12.2 ni nusu, 12.0 ni robo, na 11.9 kushuka chini imeisha. Andika namba hiyo mahali, utaihitaji baadaye.

Vitu vya kuwa navyo

- Pawa saplai yenye marekebisho ya volti na ya ampea, vyote viwili. Ile yenye nobu ya volti peke yake haifai kwa kazi hii.
- Multimita inayosoma sawasawa, kwa sababu skrini ya pawa saplai inaonyesha volti zilizopo kwenye mashine, wala si zilizopo kwenye betri.
- Waya wa shaba wa milimita za mraba 2.5, rangi mbili, usiozidi mita moja na nusu kila upande. Nyaya nyembamba zinazokuja na mashine ndani ya boksi ni za kupimia simu; kwa ampea 5 zitapata moto.
- Vibanio viwili vyenye meno, vikubwa vya kushika vizuri kichwa cha betri.
- Fyuzi ya gari ya ampea 7.5 pamoja na kishikio chake.
- Dayodi ya Schottky ya ampea 10 au zaidi. Ile iliyoandikwa 10SQ045, ambayo mafundi sola huifahamu kwa sababu hukaa ndani ya kiboksi cha nyuma ya paneli, inatosha.
- Spana namba 10, brashi ya waya, glavu za mpira na miwani ya kinga.
- Ndoo ya maji safi karibu nawe, na magadi yaliyoyeyushwa kwenye maji kwa ajili ya kuzima tindikali itakayomwagika sakafuni. Magadi hayo si ya macho wala ngozi; tindikali ikikuingia jichoni, osha kwa maji mengi yanayotiririka kwa dakika zisizopungua 15, kisha nenda hospitali.

Msomaji mwenye haraka atatazama orodha hii na kutaka kuruka dayodi. Ngoja kwanza nieleze kazi yake, kwa sababu kwetu umeme hukatika, na hapo ndipo mashine nyingi hufia.

Umeme wa ukutani ukikatika katikati ya kuchaji, betri haikatiki. Inabaki na volti zake 12 na zaidi, nayo inaanza kuisukumia pawa saplai umeme kwa mlango wa kutokea. Baadhi ya mashine hunyonya kidogo tu, ukarudi asubuhi na kukuta betri imeshuka badala ya kupanda. Nyingine, hasa zile nzito za transfoma, transista zake za kutolea umeme hazikuundwa kupokea volti kutoka nje na huweza kuungua. Dayodi ikifungwa kwenye waya wa chanya, ule upande wenye mstari ukielekea kwenye betri, huruhusu umeme kwenda kwenye betri lakini hairuhusu kurudi. Pia huondoa ile cheche inayotokea vibanio vinapogusa betri huku mashine ikiwa imezimwa, kwa kuwa kapasita za ndani ya mashine hazitaweza tena kujazwa ghafla na betri.

Bei yake ni volti kidogo zinazopotea: takriban 0.5 katika ampea 5, na karibu 0.3 ampea zikishuka sana. Katika ampea 5 dayodi hutoa joto la kama wati 2.5, kwa hiyo usiizungushie utepe wa plastiki na kuibana chini ya betri. Iache mahali penye hewa au ifunge kwenye kipande cha bati la alumini.

Fahamu jambo moja zaidi: dayodi haikulindi ukigeuza nyaya, yaani ukafunga chanya kwenye hasi. Katika hali hiyo umeme wa betri hupita kwenye dayodi ya ulinzi iliyo ndani ya mashine na kuzunguka hadi kwenye dayodi yako kwa mkondo wa kutisha. Kinachokuokoa hapo ni fyuzi, na ndiyo sababu fyuzi hukaa karibu kabisa na kibanio cha chanya, isikae karibu na mashine. Dayodi na fyuzi ni vitu viwili vyenye kazi mbili, na kimoja hakichukui nafasi ya mwenzake.

Namba za kuweka

Ampea huamuliwa na ukubwa wa betri, na kanuni salama ni sehemu moja ya kumi ya ampea-saa zake, yaani kipimo cha umeme inaoweza kuhifadhi. Betri ya NS40 iliyo kwenye Vitz ina takriban ampea-saa 35, basi weka 3.5. NS60, ambayo kwa maandishi ya Kijapani mara nyingi huwa 46B24, ina ampea-saa 45, basi weka 4.5. N70 ina 70, na hapo kanuni ingetaka 7, lakini mashine ya ampea 5 haifiki huko na hakuna ubaya wowote: betri itachukua muda mrefu zaidi, basi. Mashine ya ampea 5 usiiendeshe kwenye ukomo wake usiku kucha. 4 au 4.5 inaipa nafasi ya kupumua.

Volti kwa betri ya maji na betri kavu ya kawaida ni 14.4. AGM nayo ni 14.4, na nyingi huvumilia hadi 14.7. Jeli ni 14.1. Lebo ya betri ikisema vinginevyo, fuata lebo. Namba hizi zimehesabiwa kwa joto la nyuzi 25, na kila nyuzi moja juu ya hapo inadai upunguze kiasi cha volti 0.02 hadi 0.03. Karakana ya Dar es Salaam au Mombasa mchana wa Februari hufika nyuzi 33 kwa urahisi, na hapo 14.2 ndiyo sahihi kwa betri ambayo Njombe au Limuru ungeipa 14.4 bila wasiwasi.

Hatua za kazi

1. Zima gari, toa ufunguo na uhakikishe hujaufungia ndani, kwa sababu milango ya umeme haitafunguka betri ikitoka. Kama redio ya gari hudai namba ya siri baada ya kukosa umeme, itafute namba hiyo sasa.

2. Legeza kichwa cha hasi kwanza kwa spana namba 10, ukiweke kando, ndipo ufungue cha chanya. Sababu ni kwamba bodi nzima ya gari imeungwa na hasi; ukianza na chanya na spana ikagusa bodi, umeunganisha betri nzima kupitia spana, na spana hiyo itawaka mkononi mwako.

3. Toa betri nje ya gari. Inawezekana kuichaji ikiwa humo humo mradi nyaya zimefunguliwa, lakini sipendekezi kwa anayeanza. Nobu iliyozungushwa kwa bahati mbaya hadi volti 20 huku betri ikiwa bado imeungwa na gari inaweza kuunguza kompyuta ya injini, redio na altaneta kwa pamoja.

4. Iweke betri mahali penye hewa inayopita, kwenye sakafu iliyo tambarare, mbali na jiko, sigara, mashine ya kuchomelea na grainda. Betri inapokaribia kujaa hutoa gesi ya hidrojeni, ambayo ikifika asilimia 4 tu ya hewa huweza kulipuka kwa cheche ndogo. Gesi hiyo ni nyepesi na hupanda juu, hivyo chumba chenye dirisha la chini pekee hakitoshi. Pawa saplai ikae kando ya betri, kamwe isikae juu yake.

5. Safisha vichwa vya betri kwa brashi ya waya mpaka risasi ing'ae. Unga ule mweupe au wa kijani huzuia umeme na kukupa vipimo vya uongo.

6. Washa pawa saplai ikiwa haijafungwa kwenye kitu chochote, uweke volti 14.4 au namba ya betri yako. Hakikisha kwa multimita kwenye matundu yenyewe ya mashine. Mashine ikiwa na ulinzi wa volti kuzidi, uweke kwenye 15.5.

7. Sasa weka ampea. Zima kitufe cha OUTPUT, kile kinachoruhusu umeme kutoka kwenye mashine, gusisha nyaya mbili za mashine zenyewe kwa zenyewe, washa, na uzungushe nobu ya ampea mpaka skrini isome 4.5 au kiasi ulichohesabu. Taa ya C.C., inayoonyesha kwamba kikomo cha ampea ndicho kinachotawala, itawaka na volti zitaanguka karibu na sifuri, jambo ambalo kwa mashine hizi ni la kawaida. Zima tena OUTPUT, kisha uzitenganishe nyaya. Kugusisha nyaya hufanywa hapa tu. Mara vibanio vikishafika kwenye betri, nyaya hazigusani tena.

8. Funga nyaya zako kwenye tundu jekundu na tundu jeusi. Mashine nyingi zina tundu la tatu la kijani lililoandikwa GND, na wanaoanza wengi hulitumia kama hasi. Hilo ni la ardhi, limeungwa na boksi la mashine na waya wa ardhi wa ukutani. Liache.

9. OUTPUT ikiwa imezimwa, bana kibanio chekundu kwenye kichwa cha chanya, halafu cheusi kwenye hasi. Soma alama zilizochongwa kwenye betri yenyewe, wala usiamini rangi ya kifuniko, maana vifuniko hubadilishwa. Mashine isiyo na kitufe cha OUTPUT, izime kwa swichi yake kuu kabla ya kubana.

10. Pima kwa multimita kwenye vichwa vya betri kabla ya kuwasha. Lazima usome volti za betri bila alama ya kutoa, probu nyekundu ikiwa kwenye kibanio chekundu. Kipimo hiki cha sekunde tano ndicho kinachozuia lile kosa la kugeuza nyaya.

11. Washa OUTPUT. Betri iliyoshuka itachukua ampea zote ulizoiruhusu, taa ya C.C. itawaka, na skrini itaonyesha volti ndogo kuliko ulizoweka, labda 12.9 au 13.2. Usiguse nobu. Volti zitapanda polepole kadiri betri inavyojaa.

12. Kaa nayo nusu saa ya kwanza. Gusa nyaya, vibanio, dayodi na ubavu wa betri. Uvuguvugu si tatizo. Betri ikiwa ya moto kiasi kwamba kiganja hakitulii juu yake, zima.

13. Baada ya saa kadhaa volti zitafika kwenye kikomo, taa itahama kutoka C.C. kwenda C.V., yaani sasa kikomo cha volti ndicho kinachotawala, na ampea zitaanza kushuka. Hili ndilo linalowatia watu hofu kwamba mashine imechoka. Haijachoka, betri inakataa umeme kwa sababu inajaa, na kushuka huko ndiko kunakokuambia imefika wapi.

14. Ampea zikishuka chini ya 1, pima volti kwenye vichwa vya betri. Kwa sababu ya dayodi, huenda ukasoma 14.0 au 14.1 wakati mashine inasema 14.4. Sasa, na si kabla ya sasa, ongeza volti za mashine taratibu mpaka betri yenyewe isome 14.4.

15. Betri imejaa pale ampea zinapobaki kwenye asilimia 1 hadi 2 ya ampea-saa zake na hazishuki tena kwa muda wa saa mbili. Kwa NS60 hiyo ni kati ya 0.45 na 0.9.

16. Zima OUTPUT au swichi kuu kwanza, ndipo utoe kibanio cha hasi, kisha cha chanya. Kung'oa kibanio huku umeme ukipita hutoa cheche, na hapo juu ya betri ndipo gesi ilipo.

Hatua ya 14 inahitaji neno la ziada, kwa kuwa wenye ujuzi nusu huikosea kuliko wasiojua kabisa. Mtu hupima mwanzoni, ampea zikiwa 4.5, akaona betri inapata volti pungufu kuliko skrini, akapandisha mashine hadi 15.2 ili "kufidia". Upotevu wa kwenye waya na dayodi unategemea ampea: zikiwa nyingi unapotea mwingi, zikiwa chache unapotea kidogo. Usiku wa manane ampea zikishafika 0.5, ule upotevu umepungua, na betri inajikuta inapokea karibu 14.9 mpaka asubuhi huku maji yake yakichemka. Mwanzoni mwa kuchaji, volti pungufu hazina madhara yoyote zaidi ya kuchelewesha kazi kidogo.

Kuhusu muda, chukua NS60 iliyosoma volti 12.2, yaani nusu. Inadai takriban ampea-saa 22, na kwa ampea 4.5 hesabu ya haraka ingekupa saa tano. Uhalisia ni saa 7 hadi 9, kwa sababu sehemu ya mwisho huingia kwa ampea ndogo na sehemu nyingine ya umeme hupotea kama joto na gesi. Anza asubuhi ili umalize mchana ukiwa macho. Kuacha usiku kucha katika chumba cha kulala, ati ili mtu aiangalie, ni hatari mbili kwa mpigo.

Ukitaka kuiacha betri imefungwa siku nyingi kwa sababu gari halitumiki, shusha volti mpaka vichwa vya betri visome 13.5. Katika 14.4 haikai zaidi ya siku moja.

Kuirudisha kwenye gari

Iache itulie usiku mmoja kabla ya kuipima. Kipimo cha mara tu baada ya kuchaji huonyesha 13 na kitu, namba isiyokuambia lolote. Ikitulia kwenye 12.6 au zaidi, jaza maji hadi alama kama ni ya maji, irudishe, funga chanya kwanza na hasi mwisho. Mwenzako apige stata huku wewe ukitazama multimita: volti zikishuka hadi 10 na kitu kisha injini ikawaka, betri ina nguvu. Zikianguka chini ya 9.6, betri imechoka hata kama ilijaa.

Kwa kupima, tumia multimita. Ile desturi ya gereji ya kugusisha waya kwenye vichwa viwili ili kuona ukubwa wa cheche haipimi kitu chochote, na betri iliyotoka kuchajiwa ndiyo mahali pabaya kuliko pote pa kuifanyia.

Mambo yakienda kombo

*Ampea zinasoma sifuri.* Angalia fyuzi, kisha upande wa dayodi, kisha kama OUTPUT imewashwa, kisha kama volti za mashine kweli ziko juu ya volti za betri. Mara nyingi ni kibanio kilichoshika uchafu badala ya risasi.

*Volti zinaruka hadi 14.4 papo hapo na ampea ni ndogo sana.* Ama betri imejaa, na kipimo chako cha mwanzo kitakuambia, ama imelala muda mrefu ikiwa tupu na bamba zake zimejaa chumvi ngumu ya salfeti. Iache kwenye 14.4 hadi saa 24 huku ukiipitia. Baadhi yake huanza kupokea ampea zaidi kidogo kidogo. Utashauriwa mitaani upandishe hadi volti 18 au 20 ili "kuiamsha". Kwenye betri kavu gesi itatoka kwa wingi kuliko matundu yake yanavyoweza kuitoa, na maji yaliyopotea hayarudishwi.

*Saa nyingi zimepita, ampea bado nyingi, volti hazivuki 13, na betri inapata joto.* Chumba kimoja kati ya sita kimeshikana ndani. Zima na uiache itulie. Ikibaki karibu na 10.5, umepata uhakika, kwa sababu hizo ni volti za vyumba vitano. Haitengenezeki. Ipeleke kwa wanaonunua betri mbovu kwa ajili ya risasi, ikiwa na tindikali yake ndani, usiimwage mtaroni.

*Unasikia harufu ya mayai yaliyooza.* Betri inachajiwa kupita kiasi au chumba kimoja kimekufa. Kata umeme ukutani, wala usianze na vibanio. Fungua madirisha, toka nje, urudi baada ya betri kupoa.

*Feni ya mashine inalia bila kupumzika na boksi ni la moto.* Punguza ampea hadi 3. Mashine za transfoma hugeuza kuwa joto volti zote ambazo betri haizihitaji, na kiasi hicho hukua pamoja na ampea.

*Betri ilijaa vizuri, lakini gari haliwaki tena baada ya siku chache.* Hapo shaka ihamie kwenye gari. Washa injini upime kwenye vichwa vya betri: altaneta nzima hutoa kati ya 13.8 na 14.4, ingawa baadhi ya magari mapya hubadilisha volti hizo kadiri kompyuta inavyoamua. Ikiwa iko sawa, zima kila kitu, funga milango, fungua waya wa hasi, na upachike multimita katikati ya waya huo na betri ikiwa kwenye tundu la ampea 10. Usipige stata ikiwa hapo, fyuzi ya multimita itakatika. Subiri nusu saa kompyuta za gari zilale. Kinachobaki kisizidi takriban ampea 0.05, ambayo kwa siku nzima ni ampea-saa 1.2. Ukisoma 0.3 au zaidi, chomoa fyuzi za gari moja moja mpaka namba ishuke. Mara nyingi utaishia kwenye king'ora au kifaa cha kufuatilia gari kilichofungwa na mtu baada ya gari kutoka bandarini.